Yule Mama Alikuwa Anasema Nini?

Kazi yenyewe ilikuwa video ya dakika tatu. Mwaka wa 2019 shirika moja lilikuwa limechimba kisima huko Turkana, na lilitaka wafadhili waone pesa zao zimefika wapi. Mimi ni mhariri wa video. Naletewa picha mbichi, nakata, naunganisha, naweka muziki, natuma, halafu nalipwa baada ya siku tisini nikiwa na bahati. Kati ya picha hizo kulikuwa na mama mmoja amesimama kando ya pampu, shanga zimemjaa shingoni, akiongea sekunde arobaini na mbili bila kupumzika.

Maelekezo yalikuwa mafupi: shusha sauti yake, weka msimulizi juu. Msimulizi alikuwa amesharekodiwa studio, Kiingereza kimenyooka, akieleza kwamba zamani mama huyu alitembea saa nyingi kutafuta maji, na kwamba sasa maisha yake yamebadilika.

Shida ni kwamba baba yangu ni Mturkana. Mimi nilizaliwa Kariobangi, mama yangu ni Mkamba, na kwetu lugha ya sufuria na ya kukemewa ilikuwa Kiswahili. Kiturkana changu ni cha salamu na chakula. Lakini hata kwa masikio haya mabovu nilishika maneno mawili matatu ya yule mama, na maji hayakuwemo. Nilisikia punda. Nilisikia dada.

Kazi ilitakiwa kesho yake asubuhi, na kodi ya nyumba ilikuwa tarehe tano. Nikashusha sauti. Ni kazi ya kidole kimoja, unaburuta mstari kwenda chini, basi. Video ikapita, wakaipenda.

*

Korona ilipokuja, kazi zikakauka, nikabaki na muda mwingi na bando kidogo. Rafiki yangu mmoja anasoma ng'ambo, na chuo chake kina maktaba ya filamu za zamani. Akaniuliza kwa ujumbe: "Wewe si wa Turkana? Kuna filamu hapa za huko kwenu, za miaka ya sabini." Nikamwambia mimi ni wa Kariobangi. Hata hivyo akanifungulia.

Hivyo ndivyo nilivyokutana na kazi ya David MacDougall. Jina hilo halitamkwi sana Nairobi. Ni Mmarekani aliyesomea filamu katika Chuo Kikuu cha California, Los Angeles. Yeye ndiye aliyeshika kamera, na mkewe, Judith MacDougall, alirekodi sauti, na filamu nyingi waliziongoza pamoja. Kati ya 1968 na 1974 walifanya kazi Karamoja nchini Uganda, kisha Marsabit, kisha Turkana. Mtu akisomea filamu za namna hii chuoni popote duniani, hakosi kukutana nao. Sisi tuliorekodiwa ndio hatuwajui.

Ili uone walichofanya, inabidi kwanza ujue kaskazini ilikuwa ikipigwa picha namna gani kabla yao.

Wa kwanza kuifanya kaskazini yetu kuwa biashara kubwa ya sinema walikuwa Martin na Osa Johnson, mume na mke kutoka Kansas. Kuanzia 1924 hadi 1927 walipiga kambi kwenye ziwa la kreta juu ya Mlima Marsabit, wakaliita Lake Paradise. Tajiri wa Kodak, George Eastman, alikuwa mmoja wa waliowafadhili, na alikuja mwenyewe kuwatembelea. Filamu yao ya *Simba*, ya 1928, ilijaza kumbi za Marekani. Mwaka wa 1932 wakatoa *Congorilla*, mojawapo ya filamu za kwanza kurekodiwa Afrika zikiwa na sauti. Sasa sikiliza sauti hiyo walivyoitumia: katika msitu wa Ituri waliwapigia Wambuti santuri ya jazi, ili watazamaji wa Marekani wawaone wakicheza na wacheke. Ukipewa mtambo wa kurekodi sauti kwa mara ya kwanza, ukaenda nao hadi katikati ya Kongo, ukawasikilizisha watu santuri yako badala ya kuwasikiliza, basi tatizo si mtambo.

Na kwa nini kaskazini? Kwa sababu ni "mbali". Neno hilo tunalitumia kama vile ni jambo la kilomita tu, lakini umbali wa Turkana ulitungiwa sheria. Sheria za kikoloni za 1902 na 1934 zilizifanya wilaya za kaskazini kuwa maeneo yaliyofungwa: kuingia kwa kibali, kutoka kwa kibali. Serikali ilipotaka kumficha Jomo Kenyatta baada ya kesi ya Kapenguria mwaka wa 1953, ilimpeleka Lokitaung, halafu Lodwar. Yaani mahali ambapo babu yangu alichunga mbuzi, serikali ilipaona kuwa adhabu tosha. Mpaka leo baba akiongea na binamu zake kwenye simu, wanamuuliza huko "Kenya" kukoje. Wao wako Turkana. Kenya ni huku chini tuliko sisi.

*

MacDougall alikuja na bahati ya wakati. Hadi mwishoni mwa miaka ya hamsini, kurekodi picha na sauti pamoja mbali na studio ilikuwa shughuli ya lori zima. Mwandalizi alipiga picha bubu, akarudi nyumbani, akamtafuta mtu mwenye sauti nzito asome maelezo juu yake. Kuanzia mwaka wa 1960 hivi zikaja kamera za milimita 16 za kubebwa begani, zisizopiga kelele, zinazokwenda sambamba na rekoda ndogo kama Nagra. Watu wawili wakaweza kukaa kwenye boma na kurekodi mazungumzo yalivyo. Kabla ya hapo msimulizi alikuwa wa lazima. Tangu hapo, mtu anayemweka ameamua mwenyewe.

Wengi waliendelea kumweka. Mwaka wa 1968 kina MacDougall walikwenda Karamoja kukaa na Wajie, wafugaji wa ng'ombe, wakati wa kiangazi kikali. Filamu iliyotoka, *To Live with Herds*, ilitolewa 1972 na mwaka huo huo ikapata tuzo kubwa huko Venice. Ndani yake mzee mmoja, Logoth, anasimama kwenye nchi yake na kuizungusha kwa mkono: huku wako hawa, kule wako wale, hapa mpaka wetu. Hakuna msimulizi anayemkatiza. Anaongea Kijie, na maneno yake yameandikwa chini ya skrini kwa Kiingereza.

Leo hilo halishangazi mtu. Tunatazama tamthilia za Kikorea tukisoma maandishi ya chini huku tunakula. Lakini wakati ule, katika filamu kuhusu watu walioitwa wa makabila ya mbali, ilikuwa karibu mapinduzi. Kina MacDougall walikuwa miongoni mwa wa kwanza kutafsiri mazungumzo ya kawaida ya watu wa namna hiyo na kuyaandika chini ya picha. Mtazamaji wa California au Paris, aliyezoea kuambiwa kwamba "mwindaji huyu anajiandaa kwa ibada ya kale," ghafla alikuwa akisoma wazee wakilalamikia serikali na akina mama wakisema chakula kimeisha. Kumbe wana maoni. MacDougall aliandika baadaye sura nzima ya kitabu juu ya maandishi haya ya chini, na hoja yake mojawapo ilikuwa hiyo: yaliwafanya watu wa kwenye skrini waonekane kuwa na akili zao na mawazo yao, si mwili na mavazi tu.

Sisi tuliokulia Eastlands tunaijua tafsiri ya namna nyingine. Tumelelewa na DJ Afro. Bruce Lee anafungua mdomo, na anayeongea ni DJ Afro, anampa majina, anatia chumvi, anawatukana maadui kwa niaba yetu. Nampenda DJ Afro na sitaki mtu anisumbue. Lakini kila mtu pale kwenye banda la video alijua kwamba yule ni DJ Afro, si Bruce Lee. Msimulizi wa dokumentari yeye hasemi anatia chumvi. Sauti yake imetulia kama ya daktari, na wewe unaamini kwamba mama pale chini anasema hayo hayo.

*

Kuna hadithi ambayo Waturkana na Wajie wote wanaijua. Mama mzee aitwaye Nayeche alitoka kwa Wajie akifuata nyayo za dume lililopotea, akashuka mpaka bonde la mto Tarash, akakuta matunda na malisho. Vijana waliotumwa kulitafuta dume wakamkuta, wakarudi kuwaita wenzao, na waliohamia huko ndio wakawa Waturkana. Ndiyo maana lugha zetu zinasikilizana. Sijui kama kina MacDougall waliifikiria hadithi hiyo walipopanga safari zao, lakini njia ni ile ile. Walitoka kwa Wajie, wakapitia kwa Waborana wa Marsabit, ambako pamoja na James Blue walitengeneza *Kenya Boran*, kuhusu baba mfugaji na mtoto aliyepelekwa shule. Kisha, mwaka wa 1973 na 1974, wakakaa Turkana.

Kutoka hapo walipata filamu tatu, ambazo kwa pamoja huitwa *Turkana Conversations*, mazungumzo ya Waturkana. *The Wedding Camels* inafuata mahari ya harusi moja. *Lorang's Way* inamhusu mwenye boma, mzee Lorang, aliyewahi kuona ulimwengu wa nje akiwa askari wa wakoloni, akarudi kufuga, akijua vizuri kuliko majirani zake kwamba maisha hayo yanaweza kufika mwisho. *A Wife Among Wives* inawahusu wanawake na ndoa ya wake wengi, kwa maneno yao wenyewe.

Kati ya Karamoja na Turkana, MacDougall alikuwa amebadilisha mawazo. Mwaka wa 1975 alichapisha makala yaliyokuwa yakijikosoa. Filamu za kutazama kimya kimya, alisema, zina unafiki fulani: mpiga picha anawataka watu wafungue maisha yao yote, na yeye mwenyewe anajificha nyuma ya kamera kana kwamba hayupo. Kwa hiyo katika filamu za Turkana wenyeji wanamjibu, wanamuuliza, wanamshangaa. Unasikia maswali ya wageni. Na pale ambapo hawakuelewa kilichokuwa kikiendelea, wanakiri.

Na kulikuwa na mengi ya kutoelewa. Katika *The Wedding Camels*, Akai, binti wa Lorang, anaolewa na Kongu, ambaye ni rafiki wa Lorang na wa rika lake. Ukisikia hivyo unafikiri mambo yatakuwa rahisi. Hapana. Lorang hawezi kukubali wanyama wachache kwa sababu nyuma yake kuna ndugu, wake na wajomba, kila mmoja akisubiri fungu lake. Kongu naye hawezi kutoa wengi bila kulimaliza zizi lake. Marafiki wawili wanajadiliana huku kila mmoja amebeba ukoo mgongoni. Saa nzima na zaidi unakaa nao, na hakuna anayekuja kukueleza nani ana haki.

Nitakupa hesabu ya mhariri. Gurudumu la futi 400 la filamu ya milimita 16 lilidumu kama dakika kumi na moja, likaisha. Kila gurudumu lilikuwa pesa, na hukuona ulichopiga mpaka lirudi kutoka maabara. Mimi naweza kurekodi saa sita kwa simu, nikafuta, nikarudia. Ukiwa na dakika kumi na moja, kumwacha mzee anyamaze, afikiri, atafune tumbaku yake na kujibu pole pole ni kumpa kitu cha thamani kubwa. Mimi katika video ya kisima nilikuwa na nafasi ya bure isiyo na mwisho, na sikumpa yule mama sekunde arobaini na mbili.

*

Nilitazama filamu hizo peke yangu kwanza, na hapo ndipo lilipoanza kuniuma jambo ambalo sikulitarajia. Nilikuwa nasoma lugha ya babu yangu kwa Kiingereza. Mzungu wa chuo kikuu na mimi tulikuwa sawa kabisa mbele ya Lorang: wote tunamsoma, hakuna anayemsikia.

Jumapili moja nikapeleka kompyuta kwa baba. Baba alikuwa dereva wa malori. Miaka ya tisini alibeba chakula cha msaada kutoka Mombasa hadi Lokichoggio, wakati misaada mingi ya kusini mwa Sudan ilipitia hapo. Sasa amestaafu, anafuga kuku na kusikiliza redio. Nikaiweka kompyuta juu ya kigoda, nikaanzisha *The Wedding Camels*. Alitazama dakika moja, akasogeza kiti.

"Mama," akaniambia, kwa maana nimebeba jina la mama yake, "ongeza sauti."

Kisha akacheka. Alicheka kabla maandishi hayajatokea, na yalipotokea mimi sikuona cha kuchekesha. Ikawa hivyo saa nzima. Yeye yuko mbele yangu sekunde mbili, mimi namkimbiza. Mara akasimamisha filamu akasema, "Hapo hawajaandika yote." Nikamwambia haiwezekani kuandika yote, mstari mmoja hubeba herufi kama arobaini, na mtu anahitaji muda wa kusoma. Akasema sawa, lakini maandishi yanahesabu wanyama, na yeye anasikiliza nani anatajwa kwanza na nani anarukwa. Mnyama anayerukwa leo, akasema, atadaiwa hata na wajukuu.

Halafu, bila kuulizwa, akanisimulia jambo ambalo sikuwahi kulisikia katika miaka yangu thelathini na moja. Alipomuoa mama alipeleka mahari Machakos, pesa ndani ya bahasha, kama walivyoomba wakwe. Aliporudi Turkana, babu akamuuliza: bahasha hiyo ni ngamia wangapi? Baba hakujua kuigeuza. Babu akauliza tena: na nani wamegawana? Baba akasema ameipokea baba wa msichana. Babu akanyamaza. Kwake yeye, mahari isiyogawanywa kwa watu wengi haijamfunga mtu na mtu. Alikufa, anasema baba, bila kuwa na uhakika kama mwanawe ameoa.

Hadithi hiyo isingetoka kama nisingepeleka filamu. Na isingetoka kama juu ya Lorang kungekuwa na bwana wa studio akieleza kwamba miongoni mwa Waturkana mahari hulipwa kwa mifugo.

*

Sitaki kumtawaza MacDougall. Filamu hizi zilitengenezwa kwa ajili ya vyuo vya ng'ambo na bado zinakaa huko. Mimi nimezipata kwa mlango wa nyuma. Lugha ya chini ya skrini ni ya watazamaji wale, wala si ya binamu zangu. Yeye mwenyewe aliliona tatizo. Katika makala yale ya 1975 alitazamia siku ambapo wanaorekodiwa watakuwa na sauti katika kuamua filamu iwe nini. Mwaka huo wakahamia Australia, kwenye taasisi ya serikali ya masomo ya Waaborijini huko Canberra, na kwa miaka kadhaa walifanya kazi na jamii za huko, baadhi ya filamu zikisimuliwa na Waaborijini wenyewe. Baadaye aliwarekodi wachungaji wa mbuzi wa Sardinia, kisha wanafunzi wa shule ya bweni ya Doon nchini India, kisha watoto wa makao ya Delhi. Kazi ya miaka arobaini na zaidi, na ndani yake swali moja analirudia: nani anaongea, na nani anasikia.

Wala tusifikiri kwamba dawa ni rangi ya anayeshika kamera. Picha iliyotikisa dunia kuliko zote kutoka upande wetu ilipigwa na mtoto wa Nairobi. Mohamed Amin, aliyezaliwa Eastleigh mwaka wa 1943, alikuwa Korem, Ethiopia, Oktoba 1984, akirekodi njaa pamoja na mwandishi wa BBC Michael Buerk. Tarehe 23 mwezi huo taarifa ikaenda hewani, na kutoka hapo zikaja nyimbo za hisani, Live Aid, na chakula kilichookoa watu wengi mno. Mo alilipia kazi yake: mwaka wa 1991 mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa ulimkata mkono na kumuua mwenzake wa sauti, John Mathai. Simpunguzii chochote. Lakini waulize waliotazama taarifa ile wanakumbuka nini. Watakutajia nyuso, na maneno ya Buerk. Je, kuna anayekumbuka hata sentensi moja ya mtu wa Korem?

Mtindo ule wa nyuso bila maneno ukafanya kazi vizuri kiasi kwamba ukawa fomula. Mwaka wa 2012 mafuta yalipogunduliwa Turkana, kisima cha kwanza kikapewa jina Ngamia 1, na kamera zikarudi tena kwa wingi. Nimehariri baadhi ya picha hizo. Mzee yuko kwenye fremu, upepo unapiga shuka lake, droni inapaa, na sauti inayosikika ni ya mtu aliye Upper Hill.

*

Mhariri hafuti diski. Mwezi uliopita nilichomoa ya 2019 kutoka kwenye boksi la viatu, nikamtafuta yule mama, nikampata. Nikapandisha sauti yake mpaka juu. Baba akasikiliza mara tatu, kalamu mkononi, miwani puani, akaandika kwa Kiswahili kwenye daftari lake la hesabu za kuku.

Mama yule hakusema chochote kuhusu saa nyingi za kutembea. Alikuwa anamuuliza mpiga picha anaelekea upande gani na gari lake. Alisema zamani alikuwa akienda kwenye mkondo wa mto na punda, kila baada ya siku mbili, na hapo ndipo alipokuwa akikutana na dada yake aliyeolewa ng'ambo ya pili. Sasa maji yako hapa, ni vizuri, lakini hajamwona dada yake tangu mvua iliyopita. Kama mtapita huko, alisema, mwambieni punda amekufa, yule mweusi, na mtoto wa mwisho ameota meno. Halafu akataja jina la dada yake na la mume wa dada yake, akayarudia pole pole, kama mtu anayemsomea mwenzake namba ya simu, ili wasiyasahau.

Zilikuwa salamu, na mimi nikaziwekea msimulizi.

Nimeziandika chini ya picha yake, kwa Kiswahili, mistari kumi na miwili. Iligoma kutosha mpaka nikaondoa muziki. Kisha tukaituma kwa binamu mmoja Lodwar, baba akampigia na kumweleza majina yale mawili. Binamu akasema hao anadhani anajua ni wa upande gani, lakini watu huhama, ataulizia sokoni siku ya mbuzi. Nikamkumbusha baba kwamba ni zamani, meno ya yule mtoto sasa huenda yameanza kung'oka.

"Salamu hazikai mpaka zikaoza," akasema. "Mwambie aulizie tu."

Bado tunasubiri.